Mmisionari Alipoondoka, Nani Alibaki?

Kuna sentensi moja nimechoka kuisikia kwenye sherehe za sharika zetu: "Wamisionari walituletea kanisa." Mgeni rasmi huisema, mshereheshaji huirudia, na kwaya huiimba. Nje ya uzio, kijana mwenye simu huigeuza upande wa pili: kwa kuwa wazungu ndio walioleta, basi ni dini ya wazungu. Hawa wawili wanadhani wanabishana. Mimi naona wanasema jambo lile lile, na wote wamekosea.

Ushahidi wangu nautoa kwa Wamethodisti, makusudi. Ningeanza na Walutheri mngesema najisifu. Tena Wamethodisti ni jamaa zetu kuliko tunavyodhani. John Wesley mwenyewe aliandika kwamba moyo wake ulipata joto jioni ya 24 Mei 1738, huko London, alipokuwa akisikiliza utangulizi wa Luther kwa Waraka wa Warumi ukisomwa. Miezi michache kabla ya hapo alikuwa amerudi kutoka Georgia, Amerika, kazi yake imemshinda. Huko ndiko alikomnyima Meza ya Bwana mchungaji wa Kilutheri, Johann Martin Bolzius, kwa kuwa aliyembatiza hakuwa amewekewa mikono na askofu. Baadaye alijuta. (Tumsamehe. Sisi nasi tumewanyima watu Meza kwa sababu ndogo kuliko hiyo.)

Sasa tazama Umethodisti ulivyoota katika visiwa vya Amerika. Antigua kilikuwa kisiwa cha miwa na watumwa. Nathaniel Gilbert, mwenye shamba na mwenye watumwa, hilo tusilifiche, alikwenda Uingereza, akamsikia Wesley, akarudi, na mwaka 1760 akaanza kuwahubiria watu wa shamba lake. Alifariki 1774. Mchungaji hakuwepo. Kundi lile lililelewa na wanawake wawili wa asili ya Afrika, Mary Alley na Sophia Campbell. Waliwakusanya watu, wakaomba nao, wakaendelea hivyo kwa miaka. John Baxter, fundi wa meli, alipofika kufanya kazi bandarini mwaka 1778, alikuta watu wanakusanyika. Thomas Coke, ambaye vitabu humwita baba wa misheni za Kimethodisti, alitia nanga Antigua Krismasi ya 1786, na hata hivyo hakuwa amekusudia kwenda huko. Dhoruba ilikuwa imeipotosha meli yake iliyokuwa ikielekea Nova Scotia. Coke hakuanzisha kanisa Antigua. Alilikuta.

Pwani yetu nayo ina habari zake. Mwaka 1862 Johann Ludwig Krapf, mwana wa Walutheri wa Württemberg, alimleta Thomas Wakefield mpaka Ribe, kwenye vilima nyuma ya Mombasa, kuanza misheni ya Kimethodisti. Wenzao waliofika nao walirudi upesi, wengine kwa maradhi, na Krapf mwenyewe akarudi Ulaya mwaka huo huo. Charles New akaja 1863. Mwaka 1871 New alipanda Kilimanjaro hadi kwenye theluji, na habari hiyo ilimpa sifa kubwa. Lakini hakufika peke yake. Wengine waliposhindwa na baridi, mtu mmoja aliendelea naye: Tofiki. Ni washarika wangapi wa Kilimanjaro wanaolijua jina hilo?

Mei 1886, huko Golbanti kando ya mto Tana, Wamasai waliwaua John Houghton na mkewe, na pamoja nao watu wa misheni. Miaka kumi baadaye yakatupata sisi. Oktoba 1896, kule Akeri, Meru, waliuawa wamisionari wa Leipzig, Ovir na Segebrock, na Wachaga waliokuwa wamefuatana nao. Ovir na Segebrock tunawafundisha kwenye kipaimara. Waliobaki katika hesabu hiyo tunawaita "na wengine". Damu ilikuwa moja, lakini kumbukumbu tumeigawa kwa rangi.

Mtu atasema, Mchungaji, unawadharau wamisionari. Hapana. Rebecca, mke wa Wakefield, alifia Ribe mwaka 1873, na siwezi kumdharau mtu aliyeacha kwao akaja kufia huku. Ninachokataa ni hesabu inayoishia kwao. Wajerumani walipoondolewa nchini baada ya Vita Kuu, mwaka 1920, nani aliyebaki na sharika za Kilimanjaro, Upare na Usambara? Walimu na wazee wa hapa hapa. Waliomba, walifundisha, walizika. Kanisa lililounganishwa mwaka 1963 likaitwa KKKT lilikuwa limekwisha kubebwa mabegani na watu wasiokuwa na picha ukutani.

Jambo hili silisemi kwa ajili ya historia tu. Huku kwetu Msowero, kama ilivyo Kilosa nzima, mchungaji ana mitaa mingi na Jumapili ni moja. Mtaa usiomwona mchungaji unaye mwinjilisti. Anafika kwa baiskeli, na masika anaivusha begani. Anahubiri, anatembelea wagonjwa, anafundisha watoto, jioni anarudi kupalilia mahindi yake kwa sababu posho yake ya miezi iliyopita bado "inashughulikiwa". Kwenye jumuiya ni akina mama wanaoongoza sala nyumba kwa nyumba, na kwenye taarifa ya mwaka wanaandikwa kwa idadi, bila majina. Kisha usharika huo huo unapata fedha za maturubai, fulana na keki ya jubilei ya kumshukuru mmisionari! Tunafundisha ukuhani wa waamini wote, halafu tunaulipa mwisho, baada ya spika za kwaya.

Paulo hakufanya hivyo. Waraka ule ule uliomfikia Wesley kupitia kwa Luther una sura ya kumi na sita, ambayo wahubiri wengi huiruka kwa kuwa ni majina matupu. Mle wamo Fibi, Priska, Mariamu, Persisi, hata Tertio aliyeshika kalamu. Aliyekuwa mtume hakuona aibu kutaja waliomsaidia, mmoja mmoja.

Kwa hiyo mkutano mkuu wa usharika utakapokaa kupitisha bajeti, naomba washarika wafanye mambo mawili. Kifungu cha wainjilisti kisomwe kabla ya kifungu cha sherehe, pamoja na malimbikizo yao, na mhazini aeleze yatalipwa mwezi gani. Na kila mtaa ulete kwa maandishi majina ya walioanzisha ibada pale, chini ya mwembe au sebuleni kwa mtu, tukiwauliza wazee ambao bado wapo. Katika mtaa mmoja nimeshauliza, wakamkumbuka mwanzilishi wao kwa jina la mwanawe tu, Mama fulani. Jina lake mwenyewe tunaendelea kulitafuta.