Toxi: Mtoto Aliyepokewa Kama Mgeni

Mara nyingi katika sinema mtoto mzuri huwapatanisha watu wazima waliogombana, na watazamaji hurejea makwao wakifuta machozi. Lakini ni nani amfuataye mtoto yule taa zinapowashwa? Leo tumtazame Elfie Fiegert wa Ujerumani.

Elfie alizaliwa mwaka 1946, baba yake akiwa askari Mweusi wa Marekani na mama yake Mjerumani. Vita vilikuwa vimekwisha mwaka uliotangulia, na majeshi ya washindi yalikuwa yameikalia nchi. Wakubwa wa jeshi la Marekani mara nyingi waliwanyima askari Weusi ruhusa ya kuoa wanawake wa Kijerumani, hivyo watoto wengi walikua bila kuwajua baba zao. Katikati ya miaka ya 1950 watoto wa namna hiyo walikadiriwa kuwa kiasi cha 5,000. Elfie alilelewa na wazazi waliomchukua kuwa mtoto wao.

Mwaka 1952, watoto wa kwanza miongoni mwao walipofikia umri wa kuanza shule, mwongozaji Robert A. Stemmle alitoa sinema iitwayo Toxi. Elfie ndiye Toxi, binti wa miaka mitano aachwaye mlangoni pa jamaa yenye nafasi mjini Hamburg. Babu wa nyumba ampokea, lakini mkwewe hataki binti zake wacheze na mtoto Mweusi. Hatimaye moyo wa mkwe huyo walainika. Ndipo baba mzazi atokeapo kutoka Marekani kuja kumchukua.

Watu walijaa kuitazama, na jina la Toxi likamganda Elfie kuliko jina lake mwenyewe. Mwaka 1955 alicheza katika Der dunkle Stern, akiwa msichana wa mashambani Bavaria ambaye njia yake inaelekea kwenye sarakasi. Mwaka 1963 alionekana katika Das Haus in Montevideo, kisa kinachotupeleka Amerika ya Kusini. Nafasi zilikuwa haba, na tazama zilivyofanana: Marekani, sarakasi, ng'ambo ya bahari. Binti aliyezaliwa Ujerumani na kuzungumza Kijerumani hakutungiwa kisa ambamo anabaki tu nyumbani, anakua, anaolewa na kuzeeka.

Hapo ndipo penye funzo. Mgeni hata akipokewa kwa vigelegele, siku yake ya kuondoka hungojewa. Mtoto wa nyumbani hangojewi siku hiyo. Katika nyumba zetu pia wamo watoto waliokuja bila kutazamiwa: wa ndugu aliyefariki, wa binti aliyepata mimba akiwa shuleni, wa mume aliyezaa nje ya ndoa. Twawasifu mbele ya wageni kwa adabu yao, kisha usiku twanong'onezana ni lini watapelekwa kwa jamaa zao.

Mtoto husikia minong'ono hiyo. Kumpenda ni pamoja na kumhesabu katika mipango ya mwaka ujao, na ya miaka kumi ijayo.