Filamu isiyo na ujumbe nayo ina kazi yake

Hapa kwetu mashariki mwa Kongo, kijana mwenye kamera huulizwa swali moja kabla ya kupewa hata franka: ujumbe wa filamu yako ni upi? Kipindupindu, amani, uchaguzi. Filamu hizo zinahitajika. Lakini tukibaki nazo peke yake, tutakuwa na matangazo, si sinema.

Jan Švankmajer wa Prague alifuata njia nyingine. Mwaka 1971 alitengeneza Jabberwocky, filamu fupi isiyofika dakika 15. Jina alilitoa kwenye shairi la Mwingereza Lewis Carroll, lililomo katika kitabu cha mwaka 1871, ambalo maneno yake mengi mtunzi aliyabuni mwenyewe.

Sauti ya mtoto inasoma shairi, lakini hadithi haifuati. Nguo za mtoto zinacheza bila mwili ndani yake. Wanasesere wanapikwa na kuliwa na wenzao. Kisu kinacheza mezani, kisha kinajikunja na kutoa damu. Kila mara paka mweusi anabomoa ukuta wa vibao vya kuchezea. Mwishoni paka yuko ndani ya tundu, na kabatini inaning'inia suti ya mtu mzima. Hakuna anayetueleza maana, lakini tunaona wazi: utoto umefungiwa.

Vifaru vya Kisovieti vilikuwa vimeingia Prague Agosti 1968, na wakubwa walitaka sanaa yenye maana moja, ile yao. Baada ya filamu nyingine ya mwaka 1972, Švankmajer alizuiwa kufanya kazi hiyo kwa miaka kadhaa. Anayetoa amri huogopa picha asiyoweza kuifasiri.

Mtu atauliza: watu wanakimbia vita, nani ana nafasi ya upuuzi? Ninamjibu: sikiliza watoto kambini. Wanaruka kamba huku wakiimba maneno yasiyo katika lugha yoyote. Hawajasahau vita. Wanajitafutia mahali ambapo vita haviwaamrishi.

Filamu ya namna hii haihitaji mamilioni. Simu, meza, nguo kuukuu na uvumilivu wa kupiga picha moja baada ya nyingine vinatosha. Kwa hiyo ninawaomba wafadhili na waandaaji wa tamasha zetu: katika kila filamu kumi mnazolipia, acheni moja isiyoulizwa ujumbe wake.