Vikapu vya waya wa simu

Baada ya kipindi cha mafundi wa Durban, swali lililojirudia ni hili: kikapu cha waya wa simu kinaitwaje ufundi wa asili?

Twende taratibu. Kwa Wazulu, chungu cha pombe ya kienyeji hufunikwa kwa imbenge, kifuniko cha kusuka chenye umbo la kisahani. Watu wa Mombasa wangekifananisha na kawa. Zamani kilisukwa kwa nyasi au majani ya mlala, mti ambao kwa Kizulu ni ilala. Sikia hayo majina, ni ndugu kabisa!

Sasa, wanaume walitoka vijijini kuja mjini, wengine wakapata kazi ya ulinzi wa usiku. Usiku mrefu, mikono haina shughuli, na mjini majani ya mlala utayaokota wapi? Kilichokuwepo ni mabaki ya waya wa simu: shaba nyembamba ndani, plastiki ya rangi nje. Wakazungushia fimbo zao, halafu wakasukia imbenge. Elliot Mkhize, mmoja wa mafundi wa mwanzo kujulikana, alikuwa mlinzi wa usiku.

Kazi huanzia katikati na kuzunguka kwenda nje. Wengine hutumia waya mgumu wa chuma kama uti, ule wa rangi ukiuzungukia. Wengine husuka waya laini mtupu juu ya umbo la bakuli. Mwaka 2024, Museum of International Folk Art, huko Santa Fe, Marekani, ilifungua maonyesho ya kazi hizi.

Kwa hiyo jibu langu ni ndiyo, ni ufundi wa asili. Walibadilisha waya tu, kusuka walikuja nako.

Na hapa linatugusa sisi. Wazee wetu wengi kutoka Kongo walianza Durban kwa kulinda magari ya watu. Tunasema, "Alikuwa mlinzi tu." Hiyo "tu" imefunika maseremala, walimu na mafundi cherehani. Muulize mzee wako alijua kufanya nini kule nyumbani, kisha akufundishe, hata kwa vifaa vya hapa.

Na ukinunua kikapu, usibishane bei mpaka mtu akate tamaa. Uliza pia jina la aliyekisuka.