Twahara ya ibada na usafi wa tiba



Ndugu msomaji, mgonjwa anapofikishwa hospitalini hapa Mwanza, awe ametoka Ilemela au amevuka maji kutoka Ukerewe, mara nyingi hutiwa mshipani mpira mwembamba uitwao kanula ili apate dripu na dawa. Mpira huo ni rehema, lakini pia ni mlango. Vijidudu vikaavyo juu ya ngozi vikiupata, huingia moja kwa moja katika damu.

Tusilidharau jambo hili. Utafiti uliofanyika katika Hospitali ya Rufaa ya Bugando na kuchapishwa mwaka 2010 uliwahusu watoto wachanga 300 walioshukiwa kuwa na maambukizi ya damu. Waliokutwa na vijidudu sugu walifariki kwa wingi zaidi. Maambukizi ya damu yana milango mingi, na kanula ni mmojawapo. Ikiwa dawa hushindwa baada ya vijidudu kuingia, basi hekima ni kuvizuia kabla ya sindano kuchoma.

Kinga yenyewe ni dawa ya kusafishia ngozi. Nchini Ufaransa, utafiti uliochapishwa mwaka 2015 ulilinganisha aina mbili kwa wagonjwa zaidi ya 2,300 wa vyumba vya uangalizi maalumu: klorheksidini iliyochanganywa na alkoholi, na iodini iliyochanganywa na alkoholi. Kwa kila siku 1,000 za kukaa na mpira, maambukizi yalikuwa 0.28 kwa klorheksidini na 1.77 kwa iodini. Tofauti hiyo ni kubwa, lakini tuzingatie kwamba dawa zote mbili zilikuwa na alkoholi.

Hapo ndipo baadhi ya ndugu zetu husita. Wengi wetu tumesoma fiqhi ya Imamu Shafi na kufundishwa kuwa kileo ni najisi. Je, mgonjwa akatae spiriti ili kulinda Swala yake? La. Baraza la Fiqhi la Rabita ya Ulimwengu wa Kiislamu, katika kikao chake cha 16 mjini Makka, Januari 2002, liliruhusu alkoholi itumike kusafishia majeraha kwa nje na kuua vijidudu. Hakuna anayeinywa hapo, na kuhifadhi uhai ni katika makusudio makuu ya sheria.

Lakini lipo kosa la upande wa pili, nalo halisemwi sana. Mgonjwa mwenye kanula mgongoni mwa kiganja huletewa ndoo ya maji, akatia udhu na kuilowanisha plasta yote. Maji ya Ziwa Viktoria ni twahiri kwa udhu bila shaka yoyote, bali si salama kwa tundu la sindano. Twahara ya ibada ni jambo moja na usafi wa tiba ni jambo jingine. Spiriti yenye mjadala kwa mafaqihi huua vijidudu, na maji yasiyo na mjadala huweza kuvibeba. Dini haikumwacha mgonjwa huyo bila njia: ataosha panapoosheka, na penye plasta atafuata hukumu ya kupangusa juu ya bendeji au kutayamamu, kama madhehebu yake yanavyoelekeza. Asiifungue plasta wala asiiloweshe.

Wauguzi nao wana amana yao. Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa mwaka 2010 kuhusu sindano unakataza kuloweka pamba mapema katika mkebe na kuzitumia kutwa nzima, kwa kuwa pamba hizo huchafuliwa na mikono. Ngozi isuguliwe kwa sekunde 30, iachwe ikauke yenyewe, wala isiguswe tena kabla ya sindano. Anayeipuliza kwa mdomo au kuipapasa tena kwa kidole ameibatilisha kazi yake mwenyewe.

Nasi tunaouguza jamaa zetu tusione haya kusema kwa adabu, “Dada muuguzi, tusubiri ikauke kwanza.” Sisi tunaojua kwamba kisigino kilichoachwa bila kufikiwa na maji huharibu udhu, hatupaswi kuambiwa mara mbili kwamba jambo dogo huweza kubatilisha kubwa.