Tundu la Mlangoni na Siri za Nyumbani

Tundu la kuchungulia litiwalo mlangoni huaminiwa kupita kiasi. Mwenye nyumba husadiki kwamba yeye humwona mgeni, ilhali mgeni hawezi kamwe kumwona yeye.

Upande wa nje wa kijibomba hicho mna lenzi iliyobonyea katikati, itawanyayo miale na kufanya taswira ndogo, iliyo wima, ya eneo pana mbele ya mlango. Lenzi ya ndani, iliyobinuka, huliwezesha jicho lililo karibu kuiona taswira hiyo vyema. Ni darubini ya Galileo iliyogeuzwa. Ndiyo sababu mgeni huonekana mdogo, mwenye pua kubwa kuliko masikio, na hata aliyejibanza pembeni huonekana. Aliye nje huona nukta ya mwanga tu. Hata hivyo, nukta hiyo ikizimika ghafla, hujua kwamba jicho limefika.

Lakini miale huweza kurudi kwa njia ile ile iliyojia. Atakayeweka lenzi zifaazo mbele ya tundu ataona chumbani. Mwaka 2008, mjini Nashville, Marekani, mwanamume mmoja alilichezea tundu la mlango wa hoteli akampiga mtangazaji wa michezo picha za siri. Mwaka 2016 mahakama iliamuru mama huyo alipwe fidia ya dola milioni 55.

Basi haifai kabisa kuuza tundu lisilo na kifuniko. Kipande cha bati kinachoning'inia upande wa ndani chatosha. Kikikosekana, hata karatasi nene yafaa.