Nambari ya OB Si Haki

Kila Mkenya aliyewahi kuibiwa analijua swali hili: "Unamshuku nani?" Ukisema humjui mwizi, faili imefungwa kabla haijafunguliwa. Ukisema unamjua, unaambiwa umlete. Kwa vyovyote vile, mpelelezi ni wewe.

Nilipokuwa nikiandika tasnifu ya uzamili, chumba changu kilivunjwa mchana. Kipakatalishi kilikwenda na mahojiano yangu yote. Afisa aliandika mistari mitatu katika kitabu cha matukio, akanipa nambari ya OB, akaniambia nimshukuru Mungu sikuwepo. Niliporudi mara ya tatu niliombwa pesa ya mafuta ya gari. Jirani aliyewaona wezi alikuwa hajaulizwa lolote.

Nakataa kushukuru. Kuvunja nyumba ni kosa la kifungo cha hadi miaka 7. Likifanyika usiku, miaka 10. Sheria haisemi kosa hilo hufutika mwathiriwa akiwa mwanafunzi wa chumba cha kupanga.

Wanasheria watakutajia njia zilizopo. Ibara ya 157 ya Katiba inampa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma uwezo wa kumwagiza Inspekta Jenerali achunguze, naye lazima atii. IPOA hupokea malalamiko dhidi ya polisi. Kifungu cha 88 cha sheria ya mwenendo wa jinai kinamruhusu raia kuendesha mashtaka mwenyewe, hakimu akikubali. Mahakama ya Madai Madogo husikiliza madai ya hadi shilingi milioni 1, yakiwemo ya kurejeshewa mali.

Orodha nzuri, lakini itazame tena. Utamshtaki nani ikiwa humjui? Utathibitisha kwa ushahidi gani, ikiwa aliyepaswa kuukusanya alikataa kuinuka kitini? Karibu kila mlango unakurudisha kwenye kaunta ileile.

Ndiyo maana silaha ninayoiamini ni ya bei ya karatasi. Ibara ya 47 inampa haki ya kupewa sababu kwa maandishi mtu ambaye haki yake imeathiriwa na hatua ya kiutawala. Basi niliandika barua kwa mkuu wa kituo, nakala kwa Mkurugenzi wa Mashtaka na IPOA: nambari ya OB, tarehe, jina la shahidi, na swali moja. Mmefanya nini, na kama hamjafanya kitu, kwa nini? Nakala yangu nilihakikisha imepigwa muhuri. Siku nne baadaye, afisa alikuja kumhoji jirani.

Kipakatalishi hakijapatikana, na barua moja haitaponya idara nzima. Lakini tunaposhtuka kuona umati ukimchoma mshukiwa barabarani, tukumbuke kwamba wengi katika umati huo wana nambari ya OB mfukoni. Kituo kinachokataa kupeleleza wizi kinawafundisha raia kutoa hukumu. Kidaini sababu, kwa maandishi, kila mara.