Marrakech: Mgeni Ndiye Aliyepona

Ibn Battuta, yule msafiri wa Tanja, alifika Mombasa mwaka 1331 akalala usiku mmoja tu, kisha akashika njia ya Kilwa. Usiku huo mmoja ulimtosha kuona mengi: ndizi, misikiti ya mbao iliyojengwa kwa ustadi, na watu waliokuwa wakiosha miguu kabla ya kuingia kusali. Tangu siku hizo Maghreb si jina geni masikioni mwa watu wa pwani. Leo ni zamu yetu kumtembelea kwao, ingawa kwa kalamu, na shughuli inayotupeleka huenda msomaji hakuitarajia katika ukurasa huu. Twaenda kutazama tenisi.

Kila mwaka, Aprili inapoingia, Moroko huandaa mashindano ya tenisi ya wanaume wachezao kwa kulipwa, juu ya uwanja wa udongo mwekundu. Kombe linaloshindaniwa lina jina la Mfalme Hassan wa Pili. Mashindano haya yalianzia Casablanca mwaka 1984. Mwaka 1990 yakaingizwa katika msafara mkuu wa dunia unaosimamiwa na ATP, na mwaka 2016 yakahamishiwa Marrakech. Zamani Afrika ilikuwa na mengine ya daraja kubwa: yalichezwa Lagos, Cairo, Tunis na Johannesburg. Yote hayo yalikwisha, na kufikia mwaka 2025 haya ya Moroko ndiyo yaliyokuwa yamesalia peke yake barani katika msafara huo wa wanaume.

Mtu atauliza, tenisi na utamaduni wapi na wapi? Swali ni la haki. Mchezo huu uliingia Moroko pamoja na Mfaransa, aliyeitawala nchi hiyo tangu 1912 hadi 1956, na udongo wake mwekundu ukaja naye. Mfaransa aliondoka, udongo ukabaki, Wamoroko wakaufanya wao. Si wao peke yao waliofanya hivyo. Sisi nasi tunayo mengi yaliyoletwa na meli ambayo hivi leo hakuna anayeuliza yalitoka wapi.

Lakini kuna jambo moja ambalo msomaji Mwislamu atalitambua upesi kuliko mwingine. Kalenda ya tenisi hufuata jua, nayo ibada yetu hufuata mwandamo wa mwezi, ambao kila mwaka hurudi nyuma kiasi cha siku kumi na moja. Ikatokea kwamba mwaka 2022, na 2023, na 2024, mashindano yale yaliangukia ndani ya Ramadhani, miaka mitatu mfululizo. Mipira ikapigwa mchana katika mji uliofunga. Mwaka 2025 yakaanza siku ile ile ya Idi kwa mwandamo wa Moroko, yaani Mfunguo Mosi, siku ambayo huku kwetu mtu hutazamia biriani na watoto wenye kanzu mpya kuliko raketi. Mashindano hayakuahirishwa kwa ajili ya mfungo, wala mfungo haukuahirishwa kwa ajili ya mashindano. Wale wanaotuambia kwamba mambo ya kisasa hayakai nyumba moja na dini yetu wangefaa kuutazama mji huo.

Sasa tuuseme udongo wenyewe, maana ndio unaofanya mchezo uwe na ladha yake. Si udongo wa shamba. Ni matofali yaliyosagwa yakawa unga mwekundu, ukatandazwa juu ya tabaka za mawe na kokoto, ukamwagiwa maji na kushindiliwa. Ukikauka mno unapeperuka na upepo, ukiloa mno hauchezeki. Mpira ukigonga hapo hupungua kasi, kisha huruka juu. Kwa hiyo mtu mwenye mkono wa nguvu, aliyezoea kummaliza mwenzake kwa pigo moja la kuanzia, hujikuta mpira unamrudia, na unamrudia tena. Udongo hauna huruma kwa mwenye pupa. Hushinda yule ajuaye kungoja, ateleze kwa miguu miwili kuufuata mpira hadi pembeni, aurudishe, arudi katikati, aanze upya. Mechi huweza kuchukua saa tatu, nao wawili hao wakatoka uwanjani soksi zao zikiwa nyekundu kama waliokanyaga hina.

Tena udongo ulikuwa shahidi. Mpira ukianguka karibu na mstari huacha alama, na zamani wachezaji wakibishana, mwamuzi alishuka kutoka kiti chake kirefu, akaenda kuinama juu ya alama ile, kisha akatoa hukumu kwa kidole. Katika msafara wa ATP desturi hiyo imekomeshwa. Tangu mwaka 2025 mitambo ndiyo inayotamka kama mpira ni wa ndani au wa nje. Huenda mitambo haikosei kama jicho la mwanadamu, lakini tuliopenda kumwona mzee yule akiinama tumepungukiwa na kitu.

Haya yote ni utangulizi. Lililotuchukua Moroko ni hesabu ya waliolitwaa kombe lile.

Tuanze na siku za neema. Miaka ya 1990 ilizaa Wamoroko watatu ambao dunia ya tenisi iliwajua kwa majina. Hicham Arazi, mtumia mkono wa kushoto, alizaliwa Casablanca akalelewa Ufaransa. Mwaka 1997 alilitwaa kombe hili katika mji aliozaliwa, na mwaka huo huo akafika robo fainali ya mashindano makuu ya Ufaransa, akarudia mwaka uliofuata. Karim Alami, naye wa Casablanca, alimshinda Pete Sampras huko Doha mwaka 1994, wakati Sampras akiwa nambari wani wa dunia.

Wa tatu ndiye anayetugusa zaidi. Younes El Aynaoui alizaliwa Rabat mwaka 1971. Alipotaka kuujua mchezo sawasawa alikwenda Florida, Marekani, kwenye chuo cha mwalimu Nick Bollettieri. Fedha hazikumtosha, basi akafanya kazi papo hapo chuoni: aliendesha basi, alisafisha chumba cha mazoezi, alifunga nyuzi za raketi, akalea watoto wa watu. Mwaka 1993 alifika fainali ya Casablanca akashindwa. Hakulipata kombe hadi mwaka 2002, akiwa na umri wa miaka 30, baada ya kuumia na kupona mara kadhaa. Januari iliyofuata, huko Melbourne, alicheza robo fainali na Mmarekani Andy Roddick kwa muda wa saa tano kasoro dakika moja. Seti ya tano peke yake ilikwisha 21 kwa 19. Alishindwa, lakini katika kushindwa kule jina la Moroko lilitajwa usiku mzima.

Tangu mwaka huo wa 2002 hakuna Mmoroko mwingine aliyelishika kombe la nyumbani.

Waarabu, Waswahili na Waberberi wote hujivunia ukarimu. Sisi tunasema: mgeni njoo, mwenyeji apone. Tazama basi ni nani aliyepona. Bingwa wa mwaka 1990, Thomas Muster wa Austria, alikuwa amevunjwa goti na gari mwaka 1989. Casablanca ikawa mojawapo ya miji aliyothibitishia kwamba amerudi. Pablo Andujar wa Uhispania, aliyekwisha kushinda Casablanca mwaka 2011 na 2012, alifanyiwa operesheni tatu za kiwiko, akashuka hadi nambari 355 katika orodha ya dunia. Mwaka 2018 alikuja Marrakech hivyo hivyo akaondoka na kombe. Matteo Berrettini wa Italia, aliyekaa miezi nje kwa majeraha, alikuja mwaka 2024 akiwa nambari 135, naye akaondoka nalo. Mwaka 2025 likachukuliwa na Mwitalia mwingine, Luciano Darderi.

Wageni hao hawana kosa, na pongezi wanastahili. Mtu aliyekatwa kiwiko mara tatu akashinda, anayemhusudu ni mwenye roho mbaya. Tunachouliza sisi ni kuhusu mwenyeji. Kwa nini udongo unaowaponya watu wa mbali umeshindwa kuwainua watoto wa papo hapo?

Wako watakaojibu kwamba mashindano hayazai wachezaji, kwamba mchezaji huzalishwa na mwalimu na uwanja wa mtaani kwa siku zote za mwaka, si kwa wiki moja ya Aprili. Ni kweli. Lakini wiki ile ina mlango wake. Sheria za msafara huwaruhusu wenye mashindano kutoa kadi tatu za mwaliko, ziwaingize wachezaji watatu bila kujali nafasi zao katika orodha ya dunia. Kwa kijana wa nchi masikini wa viwanja na wa nauli, ambaye mara nyingi huzifuata pointi za orodha mbali na kwao kwa gharama yake, kadi ile ni sawa na miezi ya kuhangaika.

Tena hatukupendezwa sana na kuhama kule. Kiwanja cha Casablanca kiliitwa Al Amal, yaani tumaini, na kilikuwa katika mji wa kazi, mji alimozaliwa Arazi na Alami. Marrakech ni mji wa watalii. Sababu za uhamisho hatuwezi kuzisemea, lakini sisi wa pwani, tunaoishi kwa wageni, tunalijua vizuri jambo moja: mahali palipopambwa kwa ajili ya mgeni, mtoto wa nyumba huambiwa akacheze nje. Viwanja vya tenisi vya hoteli zetu za ufukweni vina watoto wengi karibu navyo, ila mara nyingi wako upande wa pili wa ua.

Rai yetu ni hii. Kenya imeonyesha kwamba kipaji kipo: mwaka 2022 msichana wetu, Angella Okutoyi, alitwaa taji la wasichana wawili wawili huko Wimbledon. Upande wa wanaume, kwa kijana wa Nairobi, Kampala au Tunis, kufikia mwaka 2025 mashindano ya msafara mkuu barani yalikuwa haya ya Moroko peke yake. Basi wenye mashindano wagawe kadi zile tatu kwa kushindaniwa. Mbili wapewe vijana wa Moroko waliowashinda wenzao wa kwao, si waliojulikana kwa jina tu. Ya tatu iwekwe kwa kijana wa nchi nyingine ya Afrika, aliyeipata juu ya udongo huo huo wiki moja kabla. Karamu ya Marrakech ni kubwa, nayo haitapungua hata tonge moja.